Msalaba Ulioliwa na Mchwa

Nikiwa mdogo nilidhani mchwa wa Mwandiga wana ugomvi na ukoo wetu. Kila tarehe mbili Novemba, siku ambayo Wakatoliki tunawaombea marehemu wote, bibi yangu aliniamsha alfajiri, akanipa kijembe chenye mpini uliopasuka, tukapanda gari kutoka Kigoma mjini kwenda Mwandiga kupalilia kaburi la babu. Yeye alibeba msalaba mpya, vipande viwili vya mbao vilivyofungwa kwa waya, ameuviringisha kwenye kitenge. Aliubeba kwa sababu jambo moja tulilijua hata kabla ya kufika, kwamba msalaba wa mwaka jana hautakuwepo.

"Umeliwa na mchwa," bibi alisema kila mwaka, hata hajainama kuangalia.

Niliamini. Mchwa wa huku kwetu wanaweza kula mlango mpaka ukabaki na rangi tu. Lakini mwaka mmoja fundi seremala alitupa mbao za mninga, na mwaka mwingine bibi akaupaka msalaba oili chafu ya gari, ukanuka kama gereji, na bado wakaula. Mwaka niliotimiza miaka tisa niliukuta msalaba wenyewe chini ya ua wa minyaa, mzima, hauna hata tundu, umelazwa vizuri kabisa kama mtu aliyepewa kitanda. Nikampelekea bibi. Aliupokea, akaufuta udongo kwa kanga yake, akausimamisha palepale.

"Hao mchwa walikuwa wameshiba," alisema.

Nilicheka sana, naye akacheka. Ningekuwa mtoto mwenye akili ningeuliza swali jingine hapo, lakini nilikuwa mtoto mwenye njaa, na kilichonihusu mimi ni maandazi yaliyokuwa ndani ya kikapu.

Tukimaliza kupalilia, bibi alipiga magoti, akapigapiga viganja polepole, jinsi wanawake wa Buha huku kwetu na wa ng'ambo ya mpaka wanavyomwamkia mkubwa, kisha akaanza kuongea na kaburi kwa Kirundi. Aliongea muda mrefu. Mimi nilisimama nyuma yake nikibadilisha mguu. Akimaliza alinigeukia na kusema, "Ni sokuru," yaani huyu ndiye babu yako, kana kwamba tangu mwaka jana ningekuwa nimesahau.

Habari niliyopewa ilikuwa fupi. Bibi na babu walitoka Burundi katika mwaka ambao bibi hakuutaja kwa tarakimu, aliuita tu mwaka ule. Mama yangu alikuwa mgongoni. Walifika Mwandiga, mtu mwema akawaazima shamba pembezoni mwa michikichi, babu akaugua, akafa, akazikwa mwisho wa shamba hilo. Mama yangu naye alifariki nikiwa na miaka mitatu. Baba yangu alikuwa dereva wa lori ambaye inasemekana alikuwa na honi nzuri, na hiyo honi ndiyo habari yote niliyonayo juu yake. Shamba likarudi kwa wenyewe, bibi akanichukua tukapanga chumba Mwanga, mjini, na kaburi likabaki kule peke yake kwa mwaka mzima isipokuwa siku ile moja. Cha ajabu, na hili pia sikuliuliza, majani ya pale hayakuwahi kuwa marefu kama ya shamba lililolizunguka.

Sasa mimi ni fundi cherehani pale Mwanga, na bibi ni marehemu. Kazi hii inanikutanisha na kila mtu. Asubuhi nashona kanzu ya mzee wa Ujiji, mchana nguo za kwaya, jioni anakuja mama wa Kirundi anataka vazi la kufunga begani kwa ajili ya harusi. Na kila mmoja akifungua mdomo nami nikafungua wangu, ananiambia kwetu ni wapi, na kila mmoja ananitajia mahali tofauti. Waha, wenyeji wa hapa ambao lugha yao ni ndugu ya Kirundi, wakisikia Kiha changu husema, "Wewe wa ng'ambo." Warundi wakisikia Kirundi changu wanashika mbavu, kwa sababu nimejifunza kwa mtu mmoja tu, naye aliondoka kwao zamani, kwa hiyo naongea kama kikongwe. Wakishacheka wananiita Mama Mtanzania na kuanza kuniomba punguzo. Nilipokwenda Dar es Salaam kununua vitambaa, mwenye duka alinisikia nikitaja bei na kusema kwa sauti, "Mrundi huyo, muuzieni kwa tahadhari." Najua wanamwambia hivyo kila mtu wa Kigoma, hata yule ambaye ukoo wake umekaa hapa kabla ya reli. Lakini yeye anaweza kukasirika kwa haki. Mimi nilikasirika, halafu nikaona aibu ya kukasirika, halafu sikujua naona aibu ya nini.

Naota kwa Kiswahili. Nikijichoma sindano natukana kwa Kirundi. Sijui ni kipi kati ya hivyo kinachosema kweli.

Katika kuvurugikiwa kote huko nilikuwa na jibu moja, nalo lilinitosha. Mtu akinichokonoa sana, nilimwambia, "Babu yangu amelala Mwandiga." Hapo walinyamaza. Mtu mwenye kaburi humwambii arudi kwao.

Nina binti mmoja. Mwaka juzi alipata nafasi ya kusomea uuguzi, chuo kinafunguliwa Machi ya mwaka uliofuata, na katika karatasi ya kujiunga waliandika kwamba afike na namba ya kitambulisho cha taifa. Kitambulisho hana. Mimi pia sina. Laini yangu ya simu imesajiliwa na jirani, na kila tukigombana kuhusu maji ya bomba nakumbuka kwamba anaweza kunizima. Baba wa mwanangu alikuwa mtu wa Kongo, muuza vitenge, kwa hiyo upande huo ndio usiseme kabisa. Ilibidi niende mimi na binti yangu kuhojiwa kwenye ofisi ya vitambulisho.

Ofisa aliyetuhoji alikuwa kijana mpole, na upole wake ndio ulionichosha, maana sikupata mtu wa kugombana naye. Aliuliza mama yangu alizaliwa wapi. Bibi alinifundisha tangu mdogo, "Ukiulizwa, sema Mwandiga," nikasema Mwandiga. Akauliza bibi alizaliwa wapi. Nikasema Mwandiga tena. Akauliza alisoma wapi, mwenyekiti wake alikuwa nani, mila za kwao za kutahiri na kuoa ni zipi. Kila nilichojibu nilikisikia kikitoka kinywani na rangi ya mtu mwingine. Binti yangu alikaa kando yangu akijibana mikono katikati ya magoti.

"Na babu?" ofisa aliuliza.

"Babu yangu amezikwa Mwandiga," nilisema, na kwa mara ya kwanza asubuhi ile sauti yangu ilikuwa yangu.

Aliinua kichwa. "Kaburi lipo?"

"Lipo. Nalipalilia kila mwaka. Lina msalaba."

Aliandika kidogo. Akasema kaburi halitamaliza maswali yote, lakini litasaidia, kwa sababu karatasi zinapotea na watu wanahama, ila kaburi linabaki. Nimpeleke mwenyekiti wa kitongoji alione, aandike barua kueleza nani amelala pale, na mwenyeji mmoja wa zamani atie saini kuthibitisha. Nikirudi na barua hiyo kabla ya Machi, ataendelea na faili la binti yangu. Tulitoka pale nikiwa na furaha ya kijinga. Nilimnunulia binti yangu soda, nikamwambia babu yake anampeleka chuo.

Ilikuwa Februari, siku chache kabla ya mwezi wa Ramadhani. Mimi nilizoea kwenda Novemba tu. Mvua zilikuwa zimeshanyesha miezi kadhaa na njia ya kuingia michikichini ilikuwa matope matupu. Mwenyekiti alitangulia, mtu wa makamo mwenye mkoba wa ngozi ulio na mhuri ndani, binti yangu nyuma yake, mimi mwisho nikiwaelekeza. Tulipofika kwenye ua wa minyaa nilimwona mtu.

Alikuwa bibi kizee, amejitanda ushungi mweupe, anapalilia. Nusu ya kaburi alikuwa ameshaisafisha, kwa kijembe kidogo kama changu cha utotoni. Na msalaba wangu, ule niliousimamisha mwenyewe Novemba, ulikuwa chini ya minyaa, umelazwa vizuri.

"Shikamoo," nilisema, maana adabu iliwahi kabla ya hasira.

"Marahaba, mwanangu. Hamjambo?"

"Hatujambo. Mama, huo msalaba ni wetu."

"Najua."

"Unajua? Kwa hiyo ni wewe!"

"Mimi nini?"

"Mchwa!" nilisema.

Mwenyekiti alikohoa. Binti yangu alinivuta kanga kwa nyuma. Yule mama alinitazama, akamtazama binti yangu, na polepole uso wake ukaanza kucheka kabla mdomo haujacheka, mpaka ikabidi akae kwenye jiwe lililokuwa kichwani pa kaburi.

"Aliwaambia ni mchwa?" alisema akifuta macho. "Yule mama wa msalaba! Alikuwa na maneno yule. Yuko wapi siku hizi?"

Nikamwambia ni marehemu, mwaka wa nane sasa. Akaacha kucheka. Alisema, "Inna lillahi," akapapasa jiwe kando yake, nikae. Sikukaa. Nilimuuliza anafanya nini kwenye kaburi la babu yangu.

"Mwanangu," alisema, "huyu ni baba yangu."

Alinieleza kwa utulivu, kama anayemweleza mtoto njia ya kwenda dukani. Baba yake alikuwa mtu wa Ujiji, mfanyabiashara wa mawese, na michikichi ile yote ilikuwa yake. Alikufa ghafla shambani siku ya jua kali, wakamzika palepale jioni hiyo. Baadaye watoto wakauza shamba, wakabaki Ujiji, na yeye peke yake ndiye aliyekuwa akija kila mwaka kabla ya Ramadhani kufyeka na kumsomea baba yake. Mwaka mmoja alipokuja alikuta kaburi limeshapaliliwa, limezungushiwa minyaa, na limesimikwa msalaba.

"Nilikasirika," alisema. "Baba yangu alikuwa Mwislamu safi. Nikaung'oa. Nikamwona mwanamke anatoka kwenye kibanda kule, ana mtoto wa kike anamshika kanga. Alikuwa hajui Kiswahili, mimi Kiha changu ni cha sokoni, tukaelewana hivyohivyo. Alipiga magoti kwenye matope akanipigia viganja. Akaniambia mume wake ameuawa kwao, hakuona hata kiatu chake. Mtoto anauliza baba yuko wapi kila siku. Amemwonyesha hapa."

Binti yangu aliiachia kanga yangu.

"Nilimwambia, dada, palilia. Mfu hachukii kupaliliwa. Lakini msalaba nitautoa. Naye akaniambia, mimi nitaurudisha. Nikamwambia, nami nitautoa tena. Basi. Tukakubaliana hivyo, na hatukuonana tena. Nikija naukuta, nautoa, naulaza pale kwenye minyaa usioze. Nikiukuta najua yule mama bado mzima. Miaka hii ya karibuni nilikuwa naukuta, nikadhani bado yupo."

Alikuwa ananikuta mimi.

Sasa nikakaa. Nilikaa kwenye majani yaliyolowa, na sketi yangu nzuri, mbele ya mwenyekiti. Nilijaribu kukasirika, kwa sababu hasira ndiyo kitu ninachokijua vizuri, lakini sikupata wa kumkasirikia. Bibi alijua. Tangu mwanzo alijua, na kila Novemba alinitazama machoni akaniambia ni mchwa. Nilipomletea msalaba mzima, hauna tundu, alijua kwamba mtu fulani Ujiji amemtumia salamu, akazipokea mbele yangu na kunitania. Mama yangu alizikwa akiamini. Mimi nimetembea na babu huyu mdomoni maisha yangu yote, nimewafungia watu midomo kwa ajili yake, na alikuwa mfanyabiashara wa mawese wa Ujiji asiyenijua kabisa.

Mwenyekiti alikuwa amefungua mkoba. Alikuwa na karatasi na kalamu, na uso wa mtu aliyekuja kwa kazi ya nusu saa.

"Sasa mama, naandika nani amelala hapa?" aliniuliza.

Yule bibi kizee aliuliza barua ni ya nini, na mwenyekiti akamweleza, chuo, Machi, namba, mwenyeji wa kuthibitisha. Alisikiliza hadi mwisho. Kisha akasema, "Andika ni babu yao."

"Mama, si umesema ni baba yako?"

"Wamempalilia zaidi ya miaka arobaini. Wajukuu zangu mwenyewe wako Dar, hata njia ya hapa hawaijui. Andika ni babu yao, mimi ndiye mwenyeji, nipe nitie dole." Akanyoosha kidole gumba, kikiwa bado na udongo. "Na huyo baba yangu unayemwona hapo, baba yake yeye alivuka ziwa kutoka Kongo akiwa mpagazi, mzigo wa wengine kichwani. Sisi nani alituuliza?"

Nitasema ukweli. Nilitaka aandike. Nilimtazama yule mwenyekiti na moyo wangu wote ulikuwa unamwambia andika, andika upesi kabla sijapata akili. Niliona sare nyeupe ya binti yangu, nilishakikata mwenyewe kitambaa chake, iko nyumbani haijatiwa vifungo. Na pia niliona kwamba nikishakubali, yule babu wa kweli, aliyebaki huko bila hata kiatu, nitakuwa nimemzika kwa mhuri wa kitongoji asionekane tena.

"Mzee, usiandike hivyo," alisema binti yangu.

Tulimgeukia wote watatu. Alikuwa amesimama kando ya minyaa, ameushika ule msalaba kwa mikono miwili kama mtu aliyebebeshwa kitu na asijue akiweke wapi.

"Andika babu yetu hana kaburi," alisema. "Andika bibi alitoka Burundi, alifika hapa, akapewa hapa pa kulilia. Andika na jina la mwenye kaburi."

"Na chuo?" nilimuuliza. Nilisema kwa ukali, kana kwamba amevunja kitu.

"Sijui mama," alisema, akaanza kulia. "Sijui. Lakini huyu si babu yetu, na mwanawe yuko hapa."

Mwenyekiti aliandika alivyoambiwa. Yule bibi kizee alitia dole lake chini, akinung'unika kwamba watoto wa siku hizi wana kichwa kigumu, kisha akamvuta binti yangu akamfuta machozi kwa ushungi wake. Aliyafanya hayo yote kana kwamba ni bibi yake.

Barua nikaipeleka. Yule ofisa aliisoma mara mbili. Hakunifokea. Alisema sasa faili limebadilika, si la hapa tena, inabidi liende juu, na sisi tuandike upya kuhusu bibi, alikuja lini, alipitia wapi, nani alimpokea. Niliandika yote ambayo sikuwahi kuyasema, na yalitosha ukurasa mmoja tu, kwa sababu sikuwahi kuuliza. Machi ikafika. Chuo kikampa mtu mwingine nafasi. Sare nyeupe niliifumua nikatengeneza blauzi mbili ya kuuza, na kwa wiki nzima hatukuongea, mimi na mwanangu, zaidi ya lete uzi na chukua uzi. Nilimkasirikia kwa kusema kweli. Halafu nilijikasirikia kwa kumkasirikia. Halafu nilimkasirikia bibi, na hapo nikakwama, kwa sababu nilianza kukumbuka.

Nilikumbuka neno moja katika yale maongezi marefu aliyokuwa anaongea na kaburi. Alilirudia kila mwaka, nami nilidhani ni la kanisani: *uducumbikire*. Niliwauliza wale mama wa Kirundi wanaokuja kushona. Waliniambia ndivyo msafiri anavyomwambia mwenye nyumba akiomba kulala, tupe hifadhi kwako. Miaka yote ile nilidhani anaongea na mumewe. Labda aliongea na mwenye nyumba. Au labda aliongea na wote wawili, akamwomba mmoja amfikishie mwingine. Sitajua, kwa sababu aliyekuwa amesimama nyuma yake alikuwa anawaza maandazi.

Yule bibi kizee tukazoeana. Anakaa Ujiji, mtaa ambao nimepita mara elfu. Binti yangu huenda kumsalimia Ijumaa, na akirudi ananukia udi. Novemba iliyofuata sikujua nifanye nini. Niliamka alfajiri kwa mazoea, nikakaa kitandani nikijiuliza naenda kumpalilia nani. Mwishowe tulikwenda. Msalaba nilikuwa nimeubeba, na nilipoufungua kutoka kwenye kitenge nilisita, nikijua sasa ni kwa baba wa nani ninausimika. Nikausimika. Ilikuwa ahadi ya bibi, na mimi sikuwa na mamlaka ya kuivunja.

Juzi, wiki moja kabla ya Ramadhani, binti yangu alirudi kutoka Ujiji akiwa na salamu. Yule bibi miguu imemvimba, hawezi kufika Mwandiga mwaka huu. Anatuomba tukafyeke, na tukamtolee msalaba.

"Yaani nikaung'oe mwenyewe?" nilisema. "Msalaba nilioununulia misumari mwenyewe?"

"Amesema uulaze kwenye minyaa usioze," binti yangu alisema.

Nilinung'unika njia nzima. Nilimwambia mwanangu kwamba sisi ni watu wa kwanza duniani kuwa pande mbili za ugomvi mmoja. Faili letu halijarudi. Kila mwezi tunakwenda kuuliza, na kila mwezi ofisa anasema bado. Chuo kimetangaza tena nafasi. Yeye alitembea mbele na jembe begani.

Tulifyeka. Kisha nikasimama mbele ya msalaba na mkono wangu haukwenda. Binti yangu ndiye aliyeushika, akauyumbisha huku na huku, akaung'oa, akapangusa udongo. Wakati huo mtu alikuwa anapita kwenye njia ya michikichini na dumu la mawese begani, mgeni kwangu. Alipoona vile alisimama.

"Nyie!" alisema. "Mnang'oa msalaba wa marehemu? Nyie ni nani wake?"

Nilifungua mdomo. Swali hilohilo nimeulizwa na kijana mpole mwenye kalamu, na wenye maduka, na wanawake wa pande zote za mpaka, nami mwaka mzima nalizunguka.

"Sisi ndio tunaopalilia hapa," alisema binti yangu.

Yule mtu alitazama majani yaliyofyekwa, akatazama majembe yetu mawili. "Haya, poleni na kazi," alisema, akahamishia dumu begani pa pili, akaenda zake. Binti yangu akainama akaulaza msalaba chini ya minyaa, na mimi nikapiga magoti, nikapiga viganja.